Idhini ya Kuua: James Bond, Willy Gamba na Suala la Haki

Mfululizo wa filamu za James Bond ulianza na Dr. No mwaka 1962 na ukafikia filamu ya 25, No Time to Die, mwaka 2021. Aghalabu wahakiki hueleza mabadiliko yake kwa kulinganisha waigizaji sita waliomwigiza Bond, mkabala usiofika mbali kimaadili. Maadui wa jasusi huyu hubadilika kila zama. Idhini yake ya kuua hubaki ile ile. Katika Licence to Kill (1989) wakubwa wake wanaifuta idhini hiyo, naye anaendelea kuua kwa kisasi cha rafiki yake, na mtazamaji hahisi tofauti yoyote. Katika Casino Royale (2006), ambayo mapema inampitisha mtazamaji Mbale, Uganda, Bond anamfyatulia risasi mtengeneza mabomu ndani ya ubalozi nchini Madagaska. Karipio la mkuu wake linahusu aibu ya serikali na fursa iliyopotea ya kumhoji mtu yule. Marehemu mwenyewe hana hesabu.

Mtazamaji wa Ganda, nje kidogo ya mji wa Malindi, ana sababu ya kuuliza idhini hiyo hutoka wapi. Dola anayoitumikia Bond ndiyo iliyoilipua Kaya Fungo kwa baruti Agosti 1914, ikawahamisha Wagiriama kwa nguvu kutoka kaskazini ya mto Sabaki. Upinzani ulioongozwa na Mekatilili wa Menza mwaka 1913 ulipata uhalali wake katika viapo vilivyoliwa kayani, mbele ya jamii iliyojua inaapia nini. Uhalali wa Bond hutolewa ofisini, kwa siri, na wale watakaofikwa na madhara yake hawaulizwi.

Je, lengo la haki laweza kuisafisha idhini kama hiyo? Elvis Musiba alilijaribu jambo hilo kupitia jasusi wake Willy Gamba, tangu Kufa na Kupona (1974) hadi Hofu (1988). Gamba hupigania ukombozi wa Kusini mwa Afrika, na hapana shaka lengo lake linamshinda Bond kwa mbali. Hata hivyo, mapenzi ya kupita, anasa za hotelini na wepesi wa bastola ni urithi wa Bond, na wahakiki waliomlaumu Musiba kwa uigaji huo walishughulikia zaidi anasa kuliko bastola. Gamba hutumwa na Chifu na humjibu Chifu. Wapigania uhuru ambao damu humwagwa kwa jina lao hawamwapishi, wala hawana pa kumwita ajieleze.