Kitabu Kilichoshitakiwa kwa Mauaji

Kamati ya maktaba ya shule moja ya sekondari mjini kwetu ilipewa msaada wa vitabu vinne vya Rachel Carson, ikavirudisha vyote vinne. Sababu iliyotajwa haikuzidi sentensi moja: mwandishi huyu aliua watoto wa Kiafrika. Aliyeitamka ni mjumbe msomi, tena muungwana. Hakuna aliyemuuliza aliwaua lini, wapi, wala kwa njia gani. Vichwa vikatikiswa kukubali, kikao kikahamia kwenye ajenda ya madawati mabovu. Asiyekuwapo na lake halipo, na Carson amekufa tangu 1964.

Hasira ya siku ile ndiyo inayoniandikisha, wala sitajifanya nimetulia. Lakini ndani ya hasira hiyo mna swali ambalo halimhusu Carson peke yake: je, kitabu kinaweza kuwa na hatia? Hatia tunaijua: ni kutenda uovu kwa kujua, au kuzembea pale ulipopaswa kuwa mwangalifu. Sababu nayo tunaijua: ni jambo ambalo lisipokuwapo, tokeo lake nalo halitokei. Wanafalsafa wamekesha juu ya fasili hizi kwa karne nyingi, nami sina ugomvi nazo. Ninachogombana nacho ni wepesi wa watu kuruka kutoka ya pili hadi ya kwanza: mtu akishasema sababu, anahesabu kwamba amekwisha kuthibitisha hatia.

Kwanza mshitakiwa. Carson alizaliwa 1907 Pennsylvania, mbali na bahari, akasomea elimu ya wanyama, kisha akaajiriwa na idara ya uvuvi ya serikali ya Marekani, akiandika vijitabu na vipindi vya redio kuhusu samaki. Vitabu vyake vitatu vya mwanzo, vya 1941, 1951 na 1955, ni vya bahari na pwani. Cha nne, Silent Spring, kilitoka 1962, nacho kilihusu viuatilifu vilivyokuwa vikimwagwa kwa ndege juu ya mashamba, misitu na hata vitongoji vya watu, DDT ikiwa maarufu kuliko vyote. Mwaka mmoja na nusu baadaye alikufa, akiugua saratani aliyoificha ili wapinzani wake wasipate kusema kwamba ameandika kwa uchungu wa ugonjwa.

Sasa mashitaka. Wanasema: kitabu kilitia watu hofu, hofu ikaifanya Marekani kupiga marufuku DDT mwaka 1972, marufuku ikaenea duniani, upuliziaji wa majumba ukakoma, mbu wakarudi, mamilioni wakafa. Mwandishi wa riwaya Michael Crichton aliwapa wahusika wake hoja hiyo mwaka 2004, na tangu hapo imekuwa ikitembea kama habari iliyothibitishwa.

Tuushike mnyororo huu pete kwa pete. Carson hakudai viuatilifu vyote vipigwe marufuku, na alisema hivyo waziwazi ndani ya kitabu chenyewe. Marufuku ya 1972 ilihusu Marekani, na hasa mashamba yake. Dawa iliendelea kutengenezwa humo kwa ajili ya kuuzwa nje. Mkataba wa Stockholm wa 2001, unaodhibiti sumu zinazodumu muda mrefu, uliacha mlango wazi kwa DDT itumike dhidi ya mbu waenezao malaria, na mwaka 2006 Shirika la Afya Duniani lilitangaza upya kwamba linaunga mkono upuliziaji wa majumbani, DDT ikiwamo. Iko wapi basi marufuku iliyoifunga mikono Afrika?

Tuje nyumbani, maana ni kwa jina letu kesi hii inaendeshwa. Kampeni kubwa ya dunia ya kutokomeza malaria ilianzishwa 1955, nayo tangu mwanzo iliipita kando sehemu kubwa ya Afrika kusini ya Sahara. Upareni na Taveta palikuwa na mradi wa majaribio wa kupulizia dieldrin, dawa ya ukoo uleule, kuanzia 1955. Ulikoma 1959, miaka mitatu kabla Silent Spring haijatoka. Unguja na Pemba majumba yalipuliziwa tangu mwishoni mwa miaka ya 1950 hadi 1968, yaani miaka sita baada ya kitabu kutoka na minne kabla ya marufuku ya Marekani ya 1972. Kampeni ilipokoma, malaria ilirudi. Nitajieni ukurasa wa Carson uliolisimamisha bomba la dawa Pemba.

Sri Lanka, iliyoitwa Ceylon wakati huo, ndiyo mfano unaopendwa zaidi na waendesha mashitaka. Mwaka 1963 wagonjwa waliohesabiwa kisiwa kizima walikuwa 17. Serikali ikaona kazi imekwisha, upuliziaji ukasitishwa, na kufikia mwisho wa muongo ule wagonjwa walihesabika kwa mamia ya maelfu. Waliporudi kwenye DDT walikuta mbu wamekuwa sugu, wakalazimika kuhamia malathioni. Kilichowaponza ni ushindi ulioshangiliwa mapema, na usugu ambao Carson alikuwa ameutengea sura nzima.

Kuna jambo jingine ambalo mjumbe wetu alipaswa kulijua kuliko Crichton. Mwishoni mwa miaka ya 1970 vimelea vya malaria vilivyo sugu kwa klorokwini viliingia Afrika Mashariki. Kenya iliiacha klorokwini kama tiba ya kwanza mwaka 1998, Tanzania mwaka 2001. Miaka yote ya katikati, mama alimfikisha mwanawe zahanati, mtoto akapewa vidonge, akavimeza vyote kwa maagizo ya mganga, na homa ikabaki palepale. Anayetaka kujua watoto wale waliuawa na nini aanze hapo, kabla hajaenda kuchakura vitabu vya ndege wa Marekani.

Haya yote nilimweleza mjumbe huyo mlangoni baada ya kikao. Akanijibu kwa upole, na upole wenyewe ndio ulioniudhi: "Mwalimu, hata kama hakukusudia, asingeandika, wasingekufa."

Hoja hii haijali miaka wala nchi. Ukiibomoa kwa tarehe, inahamia kwenye roho ya kitabu. Ukiifuata kwenye roho, inarudi kwenye maiti. Nguvu yake yote ni hiyo "nge", ambayo haina sakafu. Kwa kipimo hicho Paul Müller, aliyepewa Tuzo ya Nobel mwaka 1948 kwa kugundua uwezo wa DDT kuua wadudu, ana hatia ya usugu wa mbu. Mkulima wa pamba aliyemwagia shamba lake dawa ileile, akawafunza mbu wa jirani kuizoea, ana hatia kubwa zaidi. Aliyevumbua ndege ya kunyunyizia asiachwe. Kila mtu akishakuwa muuaji, neno muuaji halina kazi tena. Ni kama kumshitaki mwadhini kwa sababu kuna aliyejikwaa gizani akienda kuswali alfajiri.

Tena "nge" hiyo inafuta watu. Kati ya kitabu na kaburi wapo waziri aliyepunguza bajeti, mfadhili aliyechoka, mtaalamu aliyeshauri mradi ufungwe, bwana afya aliyekosa petroli. Kila mmoja alikuwa na uwezo wa kusema ndiyo au hapana. Hatia, kama ipo, hukaa pale penye uwezo wa kukataa. Tukimbebesha marehemu wa ng'ambo, walio hai hapa wanapona, na sishangai kwamba hoja hii hupendeza sana wenye vyeo.

Halafu kuna dharau ndani yake, ingawa imevaa kanzu ya huruma. Inatuchukulia kana kwamba madaktari na serikali za Afrika ni watoto waliozima mabomba yao kwa sababu mama mmoja Marekani alilia juu ya ndege waliokufa. Wengi wanaotulilia hivi wana ugomvi wao wenyewe na sheria za mazingira huko kwao, na maiti zetu ni silaha iliyookotwa njiani.

Ajabu ni kwamba "nge" hii inakata pande mbili. Carson alionya kuwa sumu ikimwagwa ovyo mashambani, wadudu watakuwa sugu, na siku itakapohitajika kweli haitafaa. Wangemsikiliza, DDT ingehifadhiwa kwa ajili ya kuta za nyumba na ingedumu na makali yake. Naweza basi kusema kitabu kingeokoa watoto. Sisemi, kwa kuwa nitakuwa nimekopa mantiki ya mjumbe ileile niliyoikataa.

Zipo lawama za haki. Kitabu kiliwapa nafasi ndogo mno watu waliookolewa na DDT, na hofu yake ya saratani ilikwenda mbele ya ushahidi uliokuwapo. Nakubali zote mbili.

Kinachoniuma ni vile vitatu vya bahari, vilivyorudishwa kwa kosa la ndugu yao. Under the Sea-Wind kilitoka Novemba 1941, vita vikaifikia Marekani mwezi uliofuata, na kitabu kikazama karibu bila kusomwa. Ndani yake bahari inaonekana kwa macho ya wanaoishi humo. Yupo mkunga anayeishi miaka mingi katika maji baridi, halafu majira ya vuli fulani anateremka mto, anaingia baharini, anakwenda kuzaa kwenye vilindi asikorudi. Wapo vitwitwi wanaokimbizana na povu la mawimbi, kisha wanaruka hadi Aktiki kutaga mayai. Ndege wa aina hiyohiyo huja kwetu kila mwaka. Nenda mdomo wa mto Sabaki au hori ya Mida wakati wa kaskazi utawakuta, miguu myeusi, wakidonoa mchanga kwa haraka kana kwamba wamechelewa mahali. Mvulana wa pwani amewaona maisha yake yote. Hajaambiwa kwamba wametoka kwenye barafu. Kitabu cha 1951, The Sea Around Us, kinaeleza kwa nini maji hujaa na kupwa, kwa nini bamvua huja na mwezi mpevu na mwezi mwandamo. Wavuvi wetu wanazijua nyakati hizo kuliko profesa yeyote, lakini sababu zake zilizo angani zingemfaa mtoto wa mvuvi aliyeko kidato cha pili. Ningeweza kuendelea hivi hadi asubuhi.

Lakini mapenzi hayo yananirudisha kwenye taabu. Kalamu iliyonifanya niwatazame vitwitwi ndiyo iliyowafanya Wamarekani waiogope DDT. Sura ya kwanza ya Silent Spring ni kisa cha mji wa kubuni ambamo ndege wamenyamaza, na kisa hushawishi kuliko jedwali. Wapenzi wa Carson husema kitabu chake kiliwaokoa tai wa Marekani, na ni kweli tai wale waliongezeka baada ya DDT kukatazwa, hata mwaka 2007 wakatolewa kwenye orodha ya wanyama walio hatarini. Sasa, nikishikilia kwamba kitabu hakiui kwa kuwa kati yake na kifo pana mikono ya wenye uwezo wa kukataa, je, nina haki gani ya kusema kitabu kimeokoa? Kati yake na tai palikuwa na mikono pia: mawakili, mahakimu, maofisa. Nikiwapokonya washitaki lawama, napaswa kuwapokonya mashabiki sifa. Nimejaribu kutafuta tofauti. Labda sifa hugawanyika kwa wengi bila kupungua, na lawama haigawanyiki hivyo. Labda aliyeonya kwa ukweli anastahili kitu ambacho aliyetenda hastahili. Hakuna jibu kati ya hayo linalosimama kwa miguu yake mbele yangu.

Ninachoweza kukuachia, msomaji, ni kidogo. Ukisikia mtu akikihesabia kitabu maiti, mtake ataje nchi, mwaka, na mtu aliyetia saini. Akishindwa kutaja, mwulize kama amekisoma.