Mgeni Mwenye Kwato

Kisa hiki kila mtu wa mwambao amekisikia, na kila anayekisimulia anaapa kwamba kilimpata jirani ya shemeji yake. Dereva wa teksi, usiku wa manane, anampakia mwanamke aliyejitanda buibui. Manukato yanajaa gari. Wanazungumza vizuri tu, habari za joto na bei ya samaki. Mwanamke anaposhuka, upindo wa buibui unapanda kidogo, taa ya ndani inamulika miguu, na dereva anaona kwato za punda. Anaacha gari likiunguruma, anakimbia mpaka anamkuta mzee mlinzi wa duka, amekaa na kurunzi yake na birika la chai. Anasimulia huku anahema. Mzee anamsikiliza mpaka mwisho, kisha anapandisha kanzu yake taratibu: "Zilikuwa kama hizi?"

Hapo baraza zima huangua kicheko, halafu watu huanza kuangaliana miguu.

Aliyekitunga alikuwa fundi, hata kama hajulikani. Ujanja wake uko kwa yule mzee. Mwanamke wa usiku alikuwa mgeni, na mgeni tumezoea kumwogopa. Mlinzi ni mtu wetu, tunamwamkia kila tukipita, tunamwachia na funguo. Msimulizi anatuambia, bila kuhubiri, kwamba tulikokimbilia ndiko kuliko na kwato. Lakini angalia kinachobaki vichwani asubuhi yake. Mzee anasahauliwa. Kinachobaki ni kwamba mwanamke anayetembea peke yake usiku si wa kuaminika. Hakuna anayejiuliza kama alikuwa anatoka zamu ya hospitali.

Hadithi za kutisha zina kidole. Zinaponyoosha kidole hicho, kuna mtu amesimama upande wa pili, na mara nyingi ni mtu wa damu na nyama.

Uchawi nao una tabia moja: haukai kwetu. Mtu wa Dar es Salaam atakusimulia habari za Sumbawanga kana kwamba amezaliwa huko, ingawa hajawahi kuvuka Morogoro. Wa Nairobi atakutajia Kitui. Wa bara atakuonya juu ya Pemba, naye Mpemba hakosi kisehemu cha kukuonyesha, ng'ambo ya pale. Watunzi wa hadithi za magazeti ya udaku waliijua vizuri ramani hii. Shujaa wao hupanda basi kwenda kumfuata mganga mbali, na kadiri safari inavyokuwa ndefu ndivyo dawa inavyokuwa kali. Sijapata kusoma hadithi ambayo mganga anakaa Mikocheni, pale pale Dar es Salaam, nyumba yenye geti na mbwa, ingawa sioni kwa nini asikae.

Ndiyo maana namrudia mara kwa mara mwandishi Muhammed Said Abdulla. Alizaliwa Makunduchi, kusini mwa Unguja, mwaka 1918, kijiji ambacho hadi leo huadhimisha Mwaka Kogwa, wanaume wakichapana kwa migomba na kibanda kikitiwa moto ili mwaka mpya uingie salama. Mtoto wa Makunduchi haambiwi na mtu kwamba mizimu ipo. Anakua nayo kama anavyokua na bahari. Alifanya kazi idara ya afya, akaingia kwenye magazeti, baadaye akawa mhariri wa jarida la Mkulima. Hadithi yake Mzimu wa Watu wa Kale ilishinda shindano la uandishi la 1957 na 1958, ikachapishwa mwaka 1960. Ndani yake maiti ya tajiri inakutwa mzimuni. Watu wana hukumu tayari kabla hata maiti haijaondolewa: wa kale wamekasirika.

Anakuja mpelelezi wake, Bwana Msa, na kiko chake. Wengi wamesema ni Sherlock Holmes aliyevaa nguo za Unguja, na ni kweli nusu. Kinachonivutia ni namna anavyochunguza. Majivu na nyayo anaziangalia, lakini zaidi anauliza habari za ukoo. Nani alimwoa nani, nani alizaliwa wapi, nani analelewa kwa jina lisilo lake, mali itakwenda kwa nani. Katika vitabu vya Abdulla ufumbuzi mara nyingi umelala kwenye nasaba iliyofichwa. Mzimu unabaki pale pale penye ubani na vitambaa, haukufanya kitu, na mwenye kosa ni mtu mwenye jina, ambaye jana tu alikuwa anapokea wageni sebuleni. Mwaka 1968 alirudia mchezo huo katika Kisima cha Giningi. Giningi ndiko wachawi wanakokusanyika katika simulizi za visiwani, na jina hilo lilitosha kunyamazisha watoto. Abdulla akalichukua, akatia ndani yake fumbo la watu.

Kuna jambo linanikera kwake, nami nalisema kwa heshima. Bwana Msa hajui kuogopa. Wanaoamini mizimu wanachekwa kidogo, kana kwamba woga wao ni wa kijinga tu. Mimi nadhani woga wa mzimuni una adabu ndani yake. Umelinda vichaka na visima ambavyo sheria za misitu zilishindwa kuvilinda. Ila nikilinganisha hasara na faida, bado nampa Abdulla haki yake. Aliwafundisha wasomaji wa Kiswahili kuuliza swali la pili baada ya kusikia "ni mizimu".

Swali la pili lingefaa pia kwenye habari za mumiani. Wazee wa enzi za ukoloni, kuanzia Nairobi na Kampala mpaka Dar es Salaam, walisimulia kwamba wazimamoto, wale wa magari mekundu, huteka watu usiku na kuwanyonya damu, na kwamba damu hiyo hufanywa dawa ya Wazungu. Mwanahistoria Luise White alizikusanya simulizi hizi katika kitabu alichokitoa mwaka 2000, na jambo zuri alilolifanya ni kukataa kuzicheka. Serikali ilichukua ardhi, ikachukua kodi, ikachukua vijana kwenda kupigana vita visivyo vyao. Aliyeona yote hayo, akaambiwa kwamba inachukua na damu, angekataa kwa hoja gani? Hapa kidole kilinyooshwa juu, kwa mwenye nguvu, na hadithi ilikuwa njia ya kusema lisilosemeka mbele ya Bwana Shauri, yule afisa wa kikoloni.

Naipenda tafsiri hii, ila naogopa kuipenda kupita kiasi. Mwaka 1959, Buguruni, Dar es Salaam, tetesi za mumiani zilizusha ghasia, na askari polisi mmoja akauawa. Gavana hakuguswa. Hata kidole kilichonyooshwa juu, kikishikwa na umati, hushuka mpaka kimpate aliye karibu.

Popobawa naye, jini linalosemwa kuwavamia watu usiku vitandani, alipoingia Unguja na Pemba mwaka 1995, watu walihama vyumbani. Familia nzima zililala uani, majirani wakikusanyika kuzunguka moto, redio ikiwa wazi, mabibi wakisoma walichokijua. Ukiwasikiliza wanaokumbuka, utashangaa jinsi wanavyosimulia kwa furaha: watu walipika pamoja, waliogombana walilala ubavu kwa ubavu. Hofu ile ilileta ujirani ambao amani haikuuleta. Lakini siku zile zile, mjini Unguja, umati ulimkamata mtu mwenye maradhi ya akili, ukaamini kwamba ndiye Popobawa, ukamuua. Mambo haya mawili siwezi kuyatenganisha. Moto uliowakusanya majirani ndio uliowafanya wajue nani si mmoja wao.

Shinyanga na Mwanza kidole kimewaelekea zaidi vikongwe, na alama yao ni macho mekundu. Mtu yeyote aliyewahi kupika kwa kinyesi cha ng'ombe kilichokauka, ndani ya nyumba isiyo na dirisha, kwa miaka hamsini, anajua macho yale yanatoka wapi. Miti imekwisha, kuni hakuna, bibi anapuliza moto na moshi unamrudia usoni. Kilifi alama imekuwa mvi, na wengi wanaoshutumiwa ni wazee wa kiume wenye mashamba. Baadhi yao wamekimbilia Kaya Godoma, huko Ganze, wanalala mbali na miembe waliyoipanda wenyewe. Shutuma huanza na mtoto kuugua au ng'ombe kufa, ikapitia kwa mganga wa kupiga ramli, na inapomaliza safari yake kuna ekari ambazo hazina mwenyewe.

Na wenye ualbino walisimuliwa hadithi nyingine, kwamba hawafi, hutoweka tu. Ilionekana ni hadithi isiyo na madhara, ya kushangaza watoto. Lakini mtu asiyekufa hana kaburi, na asiye na kaburi hana wa kumlilia. Kuanzia mwaka 2007 hivi, mauaji yalipoenea Kanda ya Ziwa kwa imani kwamba viungo vyao huleta utajiri, njia ilikuwa imeshafyekwa zamani. Januari 2015 serikali ya Tanzania ilipiga marufuku waganga wapiga ramli. Hadithi haikupigwa marufuku, wala sijui ingepigwaje.

Simo katika wale wanaotaka hadithi za giza zizimwe. Mtoto ambaye hakuwahi kuogopa zimwi chini ya kitanda ananisikitisha. Hajafundishwa kwamba dunia ina vitu vikubwa kuliko yeye. Wala sina raha na hadithi zinazotisha dakika themanini, kisha dakika kumi za mwisho mchungaji akaingia na Biblia, hirizi zikachomwa, na watu wakarudi kwenye sofa. Filamu za Nigeria zilizojaa kwenye maduka yetu ya kukodisha kanda zilitumaliza kwa mwisho wa namna hiyo. Ajabu ni kwamba ile iliyofungua mlango, Living in Bondage ya mwaka 1992, ilikuwa na ujasiri zaidi kuliko nyingi zilizoifuata. Pale mume mwenyewe, kijana anayependwa na mkewe, ndiye anayemtoa mkewe kafara ili atajirike, na mzimu wa mke ndio unaomfuata. Mtazamaji hana mgeni wa kumlaumu. Baadaye, filamu baada ya filamu, mchawi akawa mama mkwe, mama wa kambo au yaya aliyetoka kijijini. Mama mkwe hakuwa na chama cha kumtetea.

Shaaban Robert aliona mapema kwamba uovu hauhitaji mgeni. Katika Adili na Nduguze, iliyotoka mwaka 1952, kuna manyani wawili wamefungwa nyumbani kwa liwali mwenye sifa ya huruma. Kila usiku liwali huyo, Adili, anashuka na mjeledi, anawachapa mpaka wanalia, kisha anawafuta machozi na kuwalisha. Mgeni anayemwona kwa siri haelewi. Msomaji naye haelewi, mpaka siri inapotoka: manyani ni kaka zake, Mwivu na Hasidi, waliomtupa baharini kwa kijicho. Jini ndiye aliyemwokoa, jini ndiye aliyewageuza wanyama, na jini ndiye aliyemwamuru awachape. Majina ya ndugu hao yanapiga kelele mno kwa ladha yangu. Lakini tazama mpangilio wa viumbe. Asiye wa jinsi yetu ana wema na haki, na uovu umezaliwa tumbo moja na shujaa. Na Adili mwenyewe, mwema kuliko wote, anaamka kila usiku kuwatesa wanaomuita ndugu. Ukurasa ule unanitisha kuliko kwato zozote.

C. G. Mung'ong'o alikwenda hatua moja mbele katika Mirathi ya Hatari, mwaka 1977. Gusto anarithi uchawi kwa baba yake. Tunaingia naye ndani ya jambo, na ni vigumu kumchukia mtu baada ya kukaa kichwani mwake kurasa nyingi, hata ukijua anachokibeba. Kitabu ni chembamba, na zamani nilidhani kilistahili kuwa kinene zaidi.

Kipo kitabu kingine ninachokisubiri. Ni cha bibi wa macho mekundu, kimeandikwa kutoka upande wake wa moshi, akiwasikia watoto wakikatisha njia ya mbali ili wasipite mlangoni kwake, akimwona mtoto wa ndugu yake akihesabu hatua za mpaka wa shamba na kujifanya anatafuta mbuzi. Kitakuwa na giza la kutosha. Kitakuwa na ramli, usiku, mlango unaogongwa. Mwandishi wake anaweza kuacha wazi kabisa kama uchawi upo au haupo, simlazimishi achague. Ila kama atamwalika Bwana Msa kupita kijijini hapo, mzee huyo atawasha kiko, atamwamkia bibi, na kabla ya kumuuliza lolote kuhusu usiku ule, ataomba aonyeshwe shamba linaishia wapi.