Amekupa au Amekukopesha?

Hivi mzazi akiuza shamba ili usome, amekupa au amekukopesha? Swali hili limeniganda tangu niione Hitori musuko, yaani "Mwana wa Pekee", sinema ya kwanza ya Yasujiro Ozu ambayo watu wanasikika wakiongea. Ilitoka Japani mwaka 1936.

Tsune ni mjane, kibarua wa kiwanda cha hariri kule Shinshu. Mwaka 1923 mwalimu anamshawishi amsomeshe mwanawe, Ryosuke. Miaka inapita. Mama anafunga safari hadi Tokyo kumwona "mheshimiwa" wake, anamkuta anafundisha shule ya usiku, kapanga kijumba pembezoni mwa jiji, ana mke na mtoto ambao mama hakuwa na habari nao. Hata pesa ya kumkirimu kaazima! Na yule mwalimu aliyewatia moto? Naye yuko Tokyo, anakaanga nyama ya nguruwe auze.

Ryosuke anajitetea: Tokyo watu wamejaa, afanyeje? Mama anawaka. Ndipo anamfichulia kwamba nyumba imeuzwa, shamba la miforosadi limeuzwa, hana kitu tena duniani ila yeye. Jamani, hapo nilitaka kuzima.

Kesho yake mke anauza kimono chake ili mama atembezwe mjini. Kabla hawajatoka, mtoto wa jirani anapigwa teke na farasi, na Ryosuke anampa mama wa yule mtoto pesa ile ile ya kimono. Tsune anafurahi kwelikweli. Anasema pengine ni heri mwanawe hakutajirika.

Najua wengi wangefunga hesabu hapo: wema umelipa deni. Mimi nakataa. Huruma kwa jirani haimrudishii mama shamba lake, na kimono kilikuwa cha mke, ambaye hakuna anayemuuliza kama naye anadai. Halafu tazama, mama akiondoka anaacha pesa za mjukuu. Mkopeshaji gani hufanya hivyo? Basi haikuwa mkopo. Lakini kama haikuwa mkopo, mbona Ryosuke anashindwa kumtazama mama yake usoni? Na mbona mama, akirudi kiwandani, anamwambia mwenzake kwamba mwanawe amekuwa mtu mkubwa? Sidhani anaongopa kwa kujisifu tu. Nadhani anamlinda mwanawe.

Kisha anatoka nje, anakaa peke yake nyuma ya kiwanda, na uso unamwanguka. Lango lile limefungwa.