Aliishia Daraja la Pili

Julai 2018 nilikuwa dawati la michezo, zamu ya usiku, Kombe la Dunia likiendelea kule Urusi. Kazi yangu ilikuwa ndogo tu: kila siku naandika wasifu mfupi wa mchezaji mmoja. Siku moja baada ya Urusi kuitoa Hispania kwa penalti pale Luzhniki, nikapewa Sergei Ignashevich. Beki wa kati, miaka 38, kajifunga mwenyewe dakika ya 12, halafu kwenye matuta akaipiga yake ikaingia. Yaani stori ilikuwa inajiandika yenyewe.

Nikaandika na alikotoka. Mwaka 1998 alianza na Spartak-Orekhovo, timu ya mji wa viwanda unaoitwa Orekhovo-Zuyevo, kama kilomita 90 mashariki mwa Moscow, nje kabisa ya ligi kuu. Kutoka hapo akaenda Samara kuchezea Krylia Sovetov, kisha Lokomotiv, kisha CSKA, na mechi zake za timu ya taifa zikafika 127, rekodi ya Urusi. Mwishoni nikaongeza sentensi moja ya kupamba: “Wenzake wengi waliishia huko huko.” Mhariri akaipenda. Akaitoa pembeni, herufi nene.

Sikuwa namjua hata mmoja wa hao wenzake. Sikujua nani alikuwa anacheza naye pale nyuma, nani alikuwa golini, nani alipigwa kiwiko kwa ajili yake. Nilichojua ni kwamba hawakuwa Ignashevich, na hilo lilinitosha kuwahukumu wote kwa mkupuo. Sentensi ile imenirudia mara nyingi tangu wakati huo, na nimegundua kwamba kinachonikera ni kitenzi.

Kuishia. Tunalitumia sana hilo neno. “Huyu ni mdogo wangu, aliishia darasa la saba.” Anayelisema hana nia mbaya, lakini sikiliza linavyofanya kazi. Linachukua maisha ya mtu, linayapima kwa njia ambayo hakuipita, kisha linaweka alama pale alipoiacha. Kama vile baada ya darasa la saba mdogo wako alikaa chini ya mti miaka thelathini akisubiri msomaji amhurumie. Kumbe kajenga, kasomesha, kauguza wazazi. Hayo yote hayamo ndani ya “aliishia”.

Sasa tumchukue mchezaji wa madaraja ya chini ya Urusi. Sitamtaja mtu, nitamtunga, ila sitatunga mengi. Tuseme alizaliwa katikati ya miaka ya 1970. Ana miaka kumi na kitu, Umoja wa Kisovyeti unavunjika, na mfumo mzima wa mpira unavunjika nao. Zamani wachezaji waliitwa watu wa ridhaa, lakini kila mtu alijua ilivyokuwa: jina linaandikishwa kiwandani, jeshini au chuoni, na mshahara unatoka huko. Baada ya 1991 kiwanda chenyewe hakina uhakika wa kulipa mishahara, sembuse kulea timu. Klabu nyingi zinabaki zikitegemea bajeti ya mkoa au moyo wa tajiri mmoja.

Kijana wetu anasaini mkataba wa msimu mmoja. Anacheza mechi ishirini na kitu, anahamia mji mwingine, anasaini tena msimu mmoja. Nchi ni kubwa mno kiasi kwamba daraja la tatu ilibidi likatwe kwa kanda, maana ukisema timu zote zizunguke nchi nzima, nauli itaimaliza bajeti kabla ya mwaka mpya. Daraja la pili halina huruma hiyo. Kuna miaka ambayo Baltika ya Kaliningrad, huko Ulaya jirani na Poland, ilikuwa ligi moja na Luch ya Vladivostok, pwani ya Pasifiki. Saa za miji hiyo miwili zinatofautiana kwa saa nane. Unaondoka kwenu, unavuka bara zima, unacheza dakika tisini mwili ukiamini ni alfajiri, unarudi. Na safari ile yote ni ya pointi tatu ambazo ulimwengu hautazikumbuka.

Akifika miaka 32, 33, goti linakataa. Jumla kachezea timu sita au saba, na mbili kati ya hizo hazipo tena duniani. Ligi kuu hakuwahi kuigusa. Je, mtu huyu ameshindwa?

Jibu la kwanza linalokuja ni la hesabu. Ligi kuu ya Urusi ina timu 16. Ukiweka wachezaji ishirini na tano kila timu, unapata nafasi mia nne, na sehemu yake inakwenda kwa wageni. Chini yake kuna mamia na mamia ya wachezaji wa kulipwa. Hata wote wangekuwa hodari sawasawa, wengi wangebaki chini, kwa sababu viti ndivyo vilivyo. Tena ligi bila wa kushindwa haipo. Ignashevich alijifunza ukabaji kwa mastraika ambao hatuwajui majina. Bila wao asingekuwepo yeye.

Nililiamini jibu hili kwa muda. Sasa siliamini sana. Ukilitazama vizuri, bado linampa yule mtu thamani ya kukopa: ana maana kwa sababu kuna mwingine alimkanyaga akapanda. Ni heshima ya ngazi. Hakuna anayetaka kuzeeka akijivunia kwamba alikuwa kidato cha ngazi ya mwenzake.

Jibu la pili ni tamu zaidi, na kwa hiyo nadhani ni baya zaidi. Linasema: hakupata jina wala fedha, lakini aliupenda mpira, na mapenzi ni malipo tosha. Sisi waandishi tunalipenda jibu hili. Linatupa aya nzuri ya mwisho, uwanja wenye theluji, watazamaji mia mbili, mzee na skafu yake.

Shida yake iko hapa. Mei 9, 2018, wiki chache kabla ya lile Kombe la Dunia, Tosno, klabu ya mji mdogo karibu na Saint Petersburg, ilichukua Kombe la Urusi. Fainali ilipigwa Volgograd, ikawafunga Avangard ya Kursk, timu ya daraja la pili, mabao 2-1. Msimu huo huo Tosno ikashuka daraja, na kabla kiangazi hakijaisha klabu ikavunjwa kwa kukosa fedha. Mabingwa wa kombe la taifa wakaanza kutafuta kazi. Mwaka ule ule Amkar ya Perm nayo ikafa kwa sababu hiyo hiyo. Mwaka 2020 ikafuata Luch, ile ya Vladivostok. Katika mpira wa Urusi, hasa huku chini, kucheleweshewa mshahara si habari. Habari ni kulipwa kwa wakati.

Sasa jiulize, ni kazi gani nyingine mtu anaweza kudaiwa uvumilivu wa namna hiyo? Fundi wa kuchomelea asipolipwa miezi minne, hakuna atakayemwambia avumilie maana anaupenda moto. Mchezaji anaambiwa. Anaambiwa kwa sababu sote tumekubaliana kwamba yuko pale kwa ndoto, na anayefukuza ndoto halipwi, anapewa nafasi. Akifanikiwa, ndoto imemlipa. Asipofanikiwa, aliishia, na aliyeishia hana cha kudai.

Hapo ndipo nilipoona kwamba sentensi yangu haikuwa pambo tu. Neno “aliishia” na mshahara usiolipwa ni ndugu. Yote mawili yanatoka kwenye wazo moja, kwamba mtu huyu hakuwa kazini, alikuwa njiani kwenda kazini, na bahati mbaya hakufika.

Jambo la ajabu ni kwamba mji niliouandika bila kuujua ulishapigania suala hili kabla hata haujawa na mpira. Orekhovo-Zuyevo ni mji wa viwanda vya nguo vya ukoo wa Morozov. Januari 1885, wafumaji kama elfu nane wa kiwanda cha Timofei Morozov waligoma. Sababu kubwa ilikuwa faini: kitambaa kikiwa na dosari, faini, ukichelewa, faini, na wakati mwingine makato hayo yalimeza robo ya mshahara au zaidi. Wanajeshi waliletwa, mamia wakakamatwa. Lakini walipopelekwa mahakamani, wazee wa baraza waliulizwa maswali 101 kuhusu hatia yao, na kwa yote 101 wakajibu hapana. Sheria ya mwaka 1886 ikaja kuweka mpaka kwenye faini, na kuagiza kwamba fedha zake zitumike kwa manufaa ya wafanyakazi wenyewe.

Mpira ulifika mjini humo baadaye, kupitia mameneja na mafundi wa Kiingereza walioajiriwa viwandani, na anayetajwa zaidi ni Harry Charnock. Timu ya kiwanda ikawa tishio. Ilichukua ubingwa wa Moscow mfululizo kuanzia 1910 hadi 1913. Miaka mingi baadaye klabu ilijulikana kwa jina la Znamya Truda, maana yake Bendera ya Kazi, na mwaka 1962, ikiwa nje ya daraja la juu, ilifika fainali ya Kombe la Umoja wa Kisovyeti. Ikafungwa 2-0 na Shakhtyor ya Donetsk, kwenye uwanja ule ule wa Luzhniki ambako Ignashevich angekuja kujifunga na kufunga.

Bendera ya Kazi. Jina la kipropaganda, najua, na dola ile iliyolipenda neno kazi iliwatenda wafanyakazi wake inavyojulikana. Hata hivyo kuna ukweli jina hilo linausema kuliko wasifu wangu wa herufi nene. Hakuna aliyeandika kwamba wale wafumaji “waliishia kiwandani”. Walikuwa wafumaji. Walipokatwa mshahara walidai mshahara.

Nasikia pingamizi, na nadhani ni la haki. Mchezaji mwenyewe aliitaka ligi kuu. Hakuna mtoto anayelala na mpira kitandani akiota daraja la tatu kanda ya mashariki. Ukimkuta leo, pengine ndiye wa kwanza kukwambia: bwana, mimi nilishindwa. Mimi nani nimbishie?

Sitambishia. Mtu ana haki ya kuomboleza alichokikosa, tena kwa maneno yake. Mimi nina zaidi ya miaka thelathini sasa, na kuna kitabu nilichojiahidi kukiandika kabla sijafika hapa. Sijakiandika. Usiku mwingine nalitumia neno lile lile juu yangu, na siyo la uongo kabisa. Lakini ninapolisema mimi ni huzuni. Likisemwa na mhariri wangu siku ya mshahara, linakuwa kitu kingine. Huzuni ya mtu kuhusu ndoto yake ni mali yake. Sisi tulio nje tunamdai na kudaiwa naye kwa kipimo kingine: kazi aliyoahidi kuifanya, aliifanya? Na sisi tulichomwahidi, tulimpa?

Kwa kipimo hicho mchezaji wetu wa kutunga anaweza kushindwa kweli. Anaweza kuwa mvivu, anaweza kuuza mechi, anaweza kumvunja mwenzake mguu kwa makusudi. Simtakasi kwa sababu hakupata jina. Ninachosema ni kwamba afungwe kwa makosa yake, siyo kwa kutokuwa Ignashevich. Na upande wa pili wa mezani naye apimwe: rais wa klabu aliyesaini mkataba akijua hazina ni tupu, gavana aliyeitaka timu kwa ajili ya uchaguzi kisha akaisahau, na mwandishi aliyetengeneza utamu kutokana na njaa ya watu wengine.

Wahenga walisema mchumia juani hulia kivulini. Nadhani tumeisoma vibaya, kama ahadi kwamba jua likishatuchoma, kivuli kitakuja chenyewe. Kivuli hakiji chenyewe. Kuna mtu anapaswa kukilipia, na mara nyingi anajulikana kwa jina.

Yule mhariri alishahama, na wasifu wenyewe ulifungiwa maandazi kesho yake. Lakini kama ningepewa tena nafasi ile, zamu ile ya usiku, ningebadilisha sentensi moja. Ningeandika: “Alicheza Orekhovo-Zuyevo kwa msimu mmoja, kisha akaondoka. Wenzake waliendelea na kazi.” Mhariri angesema haina ladha. Ningemwomba aiache hivyo hivyo.