Kuiga si Kughushi

Je, fundi achongaye msalaba kwa kufuata mfano wa mwingine atenda dhambi? Hasha. Seremala wa Aru aweza kuutazama msalaba wa kanisani na kuchonga mwingine kama ule kwa ajili ya kijiji chake, naye asema wazi: “Huu ni kazi yangu.” Hata watawa wa Ulaya ya kale walinakili vitabu na picha za wenzao, wala hawakumdanganya mtu.

Lakini mwisho wa karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20 palikuwa na mchoraji ambaye picha zake ziliuzwa kana kwamba ni kazi za karne ya 15. Mwaka 1930 Belle da Costa Greene, mkuu wa maktaba ya Morgan katika New York, aliutambua mkono wake katika picha ya posa ya Mtakatifu Ursula, iliyodhaniwa kuwa ya fundi wa Hispania. Ndipo akaitwa Mghushi wa Kihispania. Jina lake la kweli halijulikani hata leo.

Ubaya wake ulikuwa wapi? Mara nyingi alitwaa kurasa za kweli za vitabu vya nyimbo za Kanisa, akakwangua maneno na noti, akachora juu yake. Ili uongo wake ufanane na ukweli, aliuharibu ukweli wenyewe. Ndivyo ulivyo uongo: hauna mwili wake, huazima wa ukweli. Watu wa Ituri waijua dhahabu. Wajua kwamba hakuna aghushiye kokoto.

Na Mkristu aliyesali mbele ya picha kama hiyo bila kujua? Sala yake haikupotea. Mtaguso wa Pili wa Nikea, mwaka 787, ulifundisha kwamba heshima ipewayo sanamu humwendea yeye aliyechorwa. Bali deni la mwuzaji halikufutwa: amevunja amri ya saba na ya nane, naye sharti arudishe alichotwaa.

Basi, atengenezaye cheti cha uongo cha ubatizo ili arusi isicheleweshwe, asiseme: “Ni karatasi tu.” Sakramenti ya kweli yataka neno la kweli. Naye pia amekwangua ukurasa mtakatifu.