Tusisubiri Mazishi Ndipo Tushtaki

Mzazi mwenzangu, siku ya kuwatembelea watoto shuleni ikifika, kabla hujafungua kapu la chapati na kuku, omba uonyeshwe bweni. Tazama mlango unafungukia ndani au nje. Tazama madirisha kama yamepigwa nondo. Mwongozo wa viwango vya usalama uliotolewa na Wizara ya Elimu ya Kenya mwaka 2008 unataka milango ifungukie nje, madirisha yasiwe na nondo, na kitanda kiachane na kingine kwa mita 1.2. Wakati ule tulikuwa tumekwisha kuwazika, baada ya mabweni yao kuungua moto, wasichana 26 wa shule ya Bombolulu, mwaka 1998, na wavulana 67 wa Kyanguli, mwaka 2001. Mwongozo ukatoka, na bado tukawazika wasichana 10 wa Moi Girls Nairobi mwaka 2017, kisha wavulana 21 wa Hillside Endarasha kule Nyeri, Septemba 2024. Hapo katikati, Septemba 2019, jengo la madarasa liliporomoka asubuhi huko Dagoretti na kuwafukia watoto wa shule ya Precious Talent waliokuja kusoma tu.

Kanuni tunazo. Tunachokosa ni watu wa kuzidai kabla msiba haujapiga hodi.

Soma Ibara ya 22 ya Katiba ya 2010. Inamruhusu mtu yeyote kwenda mahakamani haki inapokiukwa au inapokuwa hatarini kukiukwa. Hayo maneno ya mwisho ndiyo silaha yetu! Huhitaji maiti ili uwe na kesi. Bweni lenye mlango mmoja linatosha. Wala si lazima mtoto awe wako, maana ibara hiyohiyo inakuruhusu kushtaki kwa niaba ya wasioweza kujisemea, au kwa maslahi ya umma. Kufungua shauri la namna hii hakulipiwi ada, na mahakama inatakiwa ipokee hata maombi yasiyofuata taratibu zote za uandishi wa kisheria.

Hata hivyo nawaelewa wanaonyamaza. Mzazi anaogopa mwanawe ataandamwa darasani, na hofu hiyo si ya kubuni. Ndiyo maana Katiba imeruhusu chama kishtaki kwa niaba ya wanachama wake. Wazazi hamsini wakiwa nyuma ya jina moja la chama, mwalimu mkuu atamwandama mtoto yupi?

Watazameni wenzetu wa Afrika Kusini. Januari 2014 mtoto wa miaka mitano, Michael Komape, alitumbukia katika choo cha shimo cha shule yake huko Limpopo akafa. Kanuni zilikuwapo: chini ya miezi miwili kabla ya hapo, Novemba 2013, serikali ilikuwa imetoa kanuni za majengo ya shule, baada ya vijana na wazazi wa shirika la Equal Education kuandamana na kwenda mahakamani kuzidai. Shule ambazo majengo yake yote yalikuwa ya udongo, mbao, mabati au asbesto zilipewa miaka mitatu ziwe zimebadilishwa. Serikali ikajiwekea mwanya: itatimiza ikiwa fedha zitapatikana na idara nyingine zikishirikiana. Tena, shule ikiwa na jengo moja tu la matofali, ilihesabiwa kuwa haimo kwenye orodha, hata kama watoto wengi walikuwa bado wanasomea kwenye udongo. Equal Education wakarudi mahakamani. Julai 2018, huko Bhisho, Jaji Nomawabo Msizi aliuziba mwanya ule, akaamua kwamba shule ambayo sehemu kubwa yake ni ya udongo nayo lazima irekebishwe. Waliolibeba vuguvugu hilo hawakuwa mabwanyenye. Miongoni mwao walikuwamo wanafunzi wa mtaa wa Khayelitsha waliochoshwa na madirisha yaliyovunjika.

India nako, baada ya moto wa Kumbakonam kuua watoto 94 mwaka 2004, raia mmoja alifungua kesi ya maslahi ya umma. Mwaka 2009 Mahakama ya Juu ilisema haki ya elimu ni pamoja na haki ya kusomea mahali salama, ikazipa shule miezi sita ziweke vifaa vya kuzima moto.

Basi tuanze. Piga picha ya bweni, pima kwa futi kamba, andika tarehe. Kisha mwandikie afisa wa elimu ukiomba ripoti ya mwisho ya ukaguzi wa shule. Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inampa siku 21 kujibu, na habari inayohusu uhai wa mtu inatakiwa itolewe ndani ya saa 48. Uandike waziwazi kwamba uhai wa watoto uko hatarini. Hakikisha nakala yako imegongwa muhuri wa kupokelewa. Saa 48 zikipita kimya, au ripoti ikitoka na yaleyale uliyoyaona, iteni mkutano wa wazazi na mtafute wakili. Na mkifika Mahakama Kuu, msiombe fidia peke yake. Mwombeni jaji aamuru mlango wa pili utobolewe, nondo zing'olewe, na wizara irudi mbele yake kila baada ya miezi mitatu kuonyesha kazi iliyofanyika, mpaka bweni la mwisho likamilike.