Siri ni ya Mganga, Hukumu ni ya Mkulima

Elimu ya kimia imewashughulisha watu wakubwa. Isaac Newton, bingwa wa hesabu na wa mienendo ya sayari, aliandika juu yake maneno yapatayo milioni moja, na takriban yote akayaficha. Karne tatu kabla yake, Ibn Khaldun katika Mukaddima ya mwaka 1377 alikwisha kuyakataa madai ya wanaogeuza risasi kuwa dhahabu. Lakini swali zito zaidi si la madini, ni la maadili: elimu iliyofichwa hupimwa kwa mizani gani?

Jawabu moja li karibu nasi, katika njia itokayo milima ya Nguu, iliyokuwa Handeni hadi Kilindi ilipofanywa wilaya mwaka 2002, ikapanda Usambara. Hiyo ndiyo njia ya Mbegha katika Habari za Wakilindi, kitabu cha Abdallah bin Hemedi bin Ali Ajjemy kilichoanza kuchapwa Magila mwaka 1895. Mbegha ni kigego, aliyetangulia kuota meno ya juu. Nduguze humhesabu kuwa nuksi. Anaondoka na mbwa wake na dawa zake za kuwindia. Ugenini anawagawia watu nyama, njiani kuelekea Vuga anaua simba, na yule nuksi anatawazwa kuwa mfalme. Dawa ni zile zile; waliogeuka ni watu, kwa kuwa wamenufaika nazo.

Mwanahistoria wa Kimarekani Steven Feierman alianza kuwauliza Washambaa mambo haya katika miaka ya 1960, na mwaka 1990 alikuwa angali akiyaandikia kitabu. Alilolishika hasa si mchanganyiko wa mizizi, bali semi mbili: kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, na kubana shi, yaani kuiharibu. Uwezo wa mvua ni ule ule. Ukiwa wa mfalme mmoja, huponya, ukigombewa, huharibu. Baada ya kifo cha Kimweri, mnamo 1862, Semboja wa Mazinde, Korogwe, alipambana na jamaa zake kwa bunduki, na raia wakauzwa utumwani. Ukoo ni ule ule, uganga ni ule ule, na nchi ikaumia.

Atakayesema kwamba semi hizo ni ngao ya dhalimu ana hoja: kila aliyewashinda wapinzani wake aweza kujiita mponyaji. Lakini mvua hainyeshi kwa siri. Mkulima hajui fingo limefukiwa wapi. Anajua kama migomba imenyauka, na kama mwanawe amelala nyumbani. Hapo ndipo uganga unapoizidi kimia ya vitabuni. Mwanakimia huficha njia na matokeo pia, asihukumiwe na mtu. Mganga wa nchi huficha njia tu. Matokeo yamo shambani, mbele ya macho ya watu.

Basi siri si dhambi. Dhambi ni kuwanyima wanaoishi chini yake haki ya kusema kama imewaponya au imewaumiza.